Mkono wa Nondo

Chuoni,
Jumatatu, tarehe 4 Machi

Kaka yangu Nondo,

Shikamoo. Mama naye mpe shikamoo yangu, ila barua hii usimsomee. Akiuliza nimeandika nini, mwambie nimeomba soksi.

Usishangae kupata barua ya kalamu kama watu wa zamani. Matroni amezifungia simu zetu kabatini mpaka mitihani iishe, anasema ndizo zinazotufelisha. Mimi, kaka, sikufelishwa na simu. Nimefelishwa na mkono wangu mwenyewe.

Ndiyo, nimefeli. Kama ulikuwa umesimama, kaa. Mtihani wa vitendo ulikuwa kuingiza sindano ya dripu kwa mgonjwa. Nilipangiwa bibi mmoja mwembamba, mpole, akanyoosha mkono mwenyewe na kuniambia, "Haya mjukuu wangu." Nikauona mshipa vizuri kabisa. Nilipomgusa na ncha akasema, "Uwii!" Basi. Mkono ukaanza kucheza kama kifuniko cha sufuria inayochemka. Nikachomoa. Nikajaribu tena, akasema uwii tena, nikachomoa tena. Mkufunzi akaja akaichukua sindano mkononi mwangu taratibu, wala hakunifokea. Upole ule ndio ulionimaliza.

Kwenye mkono wa mpira tunaofanyia mazoezi mimi ni bingwa wa darasa. Lakini mpira hausemi uwii.

Nimepewa nafasi moja ya kurudia, Jumatatu ya tarehe 25. Safari hii tunaoruhusiwa kurudia tunaweza kuja na ndugu mzima wa afya, aliyekubali kwa hiari yake. Nikishindwa tena, narudi nyumbani na sanduku langu, na mama ameshawatangazia watu wote mtaani kwamba binti yake ni muuguzi.

Sasa kaka, nikifikiria mtu asiyepiga kelele, namwona nani kama si wewe? Wewe uliyeangukiwa mguuni na kipande cha chuma chekundu, ukakisukuma kwa nyundo na kuendelea kuchomelea geti la watu. Jina la Nondo hukupewa bure. Niazime mkono. Ukinyamaza tu, nitaweza.

Ni mimi,
Kitinda


Karakana,
Jumamosi, tarehe 9 Machi

Mdogo wangu Kitinda,

Marahaba. Mama nimemwambia umeomba soksi. Ameingiwa na wasiwasi kwamba huko kuna baridi, sasa anafuma na blanketi. Sijui hili litaishia wapi.

Kuhusu kufeli, usijali. Hata mimi geti langu la kwanza lilifunguka likagoma kufungika, mwenyewe akalala na mbwa mlangoni mwezi mzima. Utafaulu.

Kuhusu mkono, nimelifikiria jambo hili kwa kina. Kwanza, kazi zimenibana, kuna madirisha ya shule yananisubiri. Pili, ngozi yangu imekuwa ngumu kwa cheche za moto. Sindano itapinda, halafu wakulaumu wewe kwa kuharibu vifaa. Tatu, nadhani mishipa yangu imekauka. Moshi wa kuchomelea unakausha sana mishipa, mtu yeyote wa fani atakwambia.

Kwa nini usimchukue Kipara? Unamjua, huyu fundi mwenzangu ambaye kichwani hana hata unywele wa kusingizia. Mishipa yake imetokeza kama mabomba ya maji, hata kwenye giza ungeipata. Na ni mtu wa watu, atakuchekesha.

Si kwamba naogopa. Najua hukusema naogopa. Nasema tu.

Kaka yako,
Nondo


Chuoni,
Alhamisi, tarehe 14 Machi

Kaka,

Shikamoo.

Nimeisoma barua yako mara nyingi, mpaka nimeelewa ambacho hukuandika. Ungesema tu kwamba huniamini. Nisingekasirika. Hata mimi siku hizi sijiamini.

Nilijua unaweza kukataa. Sikujua utanizungusha kwa mishipa iliyokauka, mimi ambaye nimekaa darasani miaka nikisomea mishipa.

Kipara si ndugu yangu. Mwambie asante.

Yule bibi alinipa mkono wake bila hata kunijua jina.

Kitinda


Karakana, nyuma ya stoo,
Jumapili, tarehe 17 Machi

Dada mdogo,

Salamu nyingi kutoka kwangu mimi Kipara. Samahani kwa kujiingiza katika mambo ya ndugu, lakini mwenye macho haambiwi tazama, na mimi nimetazama nimechoka.

Kaka yako tangu apate barua yako ya pili hali chakula, hanywi chai, na juzi amechomelea bawaba za mlango upande mmoja na kitasa upande uleule. Mlango haufunguki kokote. Nikasema hapa pana jambo.

Jana nikamfuata nyuma ya stoo. Nikamkuta ameketi juu ya ndoo, mkono wa shati ameupandisha, ameshika sindano ya cherehani ya mama yenu. Macho ameyafumba. Anajihesabia, "Moja, mbili..." halafu anaanza upya, "Moja, mbili..." Tatu haiji. Jasho jembamba linamtiririka. Mara sindano ikamgusa kidogo tu, kama nzi anavyotua, na jitu zima lile likaanguka kwenye mabomba. Kelele za mabomba zilifika barabarani.

Nikammwagia maji. Alipozinduka akanieleza yote. Dada, kaka yako hajawahi kuchomwa sindano tangu alipokuwa mtoto. Siku ya chanjo shuleni alitorokea dirishani. Nikamuuliza, "Mbona chuma cha moto huogopi?" Akasema, "Chuma cha moto kinakuja kwa kelele na moshi, mnaonana uso kwa uso. Sindano inakuja kimya kimya kama mtu anayekuja kukusengenya."

Kwa hiyo usifikirie hakuamini. Anakuamini sana. Hajiamini yeye.

Ameniapisha nisimwambie mtu, na mimi nimeapa, kwa hiyo hukusikia kwangu. Nilimnong'oneza yule mpaka rangi wetu wa karakana peke yake. Yeye naye ni mtu wa siri, kamnong'oneza fundi vioo tu. Leo asubuhi mama wa chai ameniuliza habari za sindano.

Wako katika kazi,
Kipara


Chuoni,
Jumatano, tarehe 20 Machi

Kaka yangu mpenzi,

Shikamoo sana. Naomba radhi kwa barua yangu iliyopita, niliandika kwa hasira. Nimefikiria tena na nimeona uko sahihi. Mishipa ya mafundi wa kuchomelea kweli hukauka. Nimekumbuka tulifundishwa.

Kwa hiyo usije. Endelea na madirisha ya shule. Nitamwomba binamu wa mwenzangu wa chumbani, au nitapata njia nyingine. Usiwaze kabisa, na unywe chai.

Akupendaye,
Kitinda


Karakana,
Ijumaa, tarehe 22 Machi

Kitinda,

"Na unywe chai." Nani kakwambia sinywi chai?

Kipara nimemkimbiza kuzunguka karakana nikiwa na koleo. Amekiri.

Sasa nisikilize. Uliponiandikia kwa hasira niliumia, lakini hii barua yako ya upole imeniumiza zaidi. Wewe, uliyekuwa ukilala mgongoni kwangu mama akienda kazini, leo unanidanganya ili nisiaibike? Mishipa hukauka! Mlifundishwa na nani, na mimi?

Nakuja. Nitapanda basi Jumapili asubuhi. Mama nimemwambia nimeitwa kwenda kupima mlango wa tajiri mmoja, kanipa blanketi nikuletee nikipita. Sikuahidi kunyamaza. Nakuahidi mkono tu. Mimi nitafumba macho, wewe usifumbe.

Tatizo ni kwamba Kipara na mpaka rangi nao wamekata tiketi. Wanasema wanakuja kuniunga mkono. Nimewaambia mkono wenyewe ndio matata. Hawasikii. Nadhani wanataka kuona.

Nondo


Nyumba ya wageni karibu na chuo,
Jumatatu, tarehe 25 Machi

Mama yangu,

Shikamoo. Natuma kipande hiki cha karatasi kwa dereva wa basi ili usiwe na wasiwasi. Mlango wa yule tajiri nimeupima. Ni mlango mkubwa. Nimepita chuoni pia, Kitinda ni mzima, anasalimia, amefurahia blanketi.

Leo nilimsaidia kidogo katika masomo yake. Jambo dogo la kitabibu. Nilitulia muda wote, watu wakasema hawajawahi kuona mtu mtulivu kiasi kile.

Ukisikia lolote tofauti kutoka kwa Kipara, kumbuka ana maumivu ya vidole, na mtu mwenye maumivu husema ovyo.

Mwanao,
Nondo


Chuoni,
Jumanne, tarehe 26 Machi

Mama,

Shikamoo. Kaka amenionyesha nakala ya aliyokuandikia, kwa fahari kabisa, kwa hiyo naona heri nikuandikie ya kweli mimi mwenyewe, kuanzia mwanzo.

Mama, nilifeli. Nilikuficha. Jana ndiyo siku niliyokuwa narudia, na mlango wa tajiri haupo. Kaka alikuja kunipa mkono wake niuchome.

Mama, ungemwona! Aliingia chumbani kifua mbele, akamsalimia kila mtu, hadi mwanasesere wa plastiki aliyelazwa kitandani. Mkufunzi aliwaruhusu Kipara na mpaka rangi wasimame ukutani mradi wasiongee. Kipara akavua kofia kama yuko msibani. Kaka akakaa, akaweka mkono juu ya mto, akafumba macho. Nikamfunga mkanda wa mpira juu ya kiwiko.

"Hiyo ndiyo yenyewe?" akauliza.

"Hapana kaka, ni mkanda."

"Si mbaya," akasema. "Nilidhani itakuwa mbaya."

Nikachukua pamba yenye spiriti nimsafishe ngozi. Ile kumgusa tu, mama, akapiga ukelele ambao sijawahi kuusikia kwa mtu mzima. Alikuita wewe. Alimwita na marehemu babu. Mfagizi kule koridoni akaangusha ndoo, tukasikia maji yakitembea.

"Kaka," nikamwambia, "sijaanza. Hiyo ni pamba."

Mkufunzi akageukia dirishani, mabega yake yakawa yanacheza. Kipara hakuweza kujizuia. "Nondo, jikaze kisabuni!"

"Nimejikaza!" kaka akapiga kelele. "Hivi ndivyo ninavyojikaza!"

Wanafunzi wa darasa la jirani wakajazana mlangoni. Nikaishika sindano, na moyoni nikajua nimekwisha. Kama "uwii" moja ya bibi ilinitoa mchezoni, kelele hizi zitanitoa chuoni. Nikaangalia mkono wangu nione kama umeanza kutetemeka.

Halafu nikaangalia wa kwake. Mama, sijui nikueleze vipi. Kaka mzima alikuwa anatikisika. Miguu inapiga kitanda, kichwa kinakataa kulia na kushoto, machozi yanamtoka. Lakini ule mkono aliouweka juu ya mto ulikuwa umetulia tuli kama wa mtu mwingine. Hakuuvuta hata kidogo. Alikuwa ameniwekea mkono ule pale, na asingeuondoa.

Nikamkumbuka yule bibi. Alisema uwii, ni kweli, lakini na yeye hakuuvuta mkono wake. Aliyevuta ni mimi. Mtu anaweza kulia na bado akawa amekubali, na mimi nilikuwa nasikiliza kilio tu.

"Lia tu kaka," nikamwambia. "Mimi naendelea."

"Endelea!" akasema huku akilia. "Usinisikilize!"

Nikaingiza. Mara moja tu, mama. Damu ikaonekana pale inapotakiwa kuonekana, nikachomoa chuma, nikaacha mrija, nikabandika plasta. Yeye bado analia.

"Tayari," nikamwambia.

"Tayari nini?"

"Imeshaingia. Nimemaliza."

Akafumbua jicho moja. Akautazama mrija, akautazama uso wangu. Akasema kwa sauti ndogo, "Hiyo tu?" Kisha akalala chali bila kuaga. Kupoteza fahamu kwake hakukuhesabiwa kama kosa langu, nimeuliza.

Kumbe katikati ya kelele Kipara alikuwa ameondoka ukutani, akaenda kumshika kaka mkono wa pili, na kaka akamminya vidole kama koleo. Kipara ndiye aliyeomba dawa ya maumivu. Vidole vimevimba. Na mpaka rangi, aliyekuja kucheka, tulimkuta ameangalia ukuta anafuta macho. Alisema rangi ya ukuta huo ina dawa kali. Ukuta huo ni wa vigae, mama.

Mkufunzi alikagua kazi yangu kimya kimya, akamsubiri kaka azinduke, akamuuliza kama ameumia. Kaka akasema, "Sikumbuki." Mkufunzi akanigeukia. "Wagonjwa wengi watakulilia, binti. Leo hukukimbia. Umefaulu."

Nisamehe kwa kukuficha. Na jambo moja zaidi, la dhati. Nilipomkagua kaka mkono niliona jeraha la bati lenye kutu, limefungwa kwa kitambaa cha kufutia mashine. Hajawahi kuchanjwa pepopunda, na kwa kazi ile ni kucheza na kifo. Mimi nimemwambia akaitikia kwa kichwa tu, namna ile anayoitikia wateja anaotaka waondoke. Mwambie wewe.

Binti yako,
Kitinda


Nyumbani,
Ijumaa, tarehe 29 Machi

Wanangu wawili,

Naandika barua moja muisome nyote, ili kila mmoja ajue mwenzake ameambiwa nini.

Kitinda, hongera. Ungeniambia umefeli ningelia siku moja, kisha ningekuletea mkono wangu mwenyewe. Badala yake nimefuma soksi hadi majirani wameuliza kama nafungua duka. Mtaani sikubadilisha neno. Nilisema binti yangu ni muuguzi, na sasa ni kweli. Nilitangulia tu.

Nondo, mtu mtulivu. Jana fundi vioo alinielezea kilio chako hapa barazani, na hakuwepo. Mama wa chai akamsahihisha, naye hakuwepo. Mwanangu, wewe ulipozaliwa nililia watu wakaja kutoka mtaa wa pili, na hakuna aliyesema sikukuzaa.

Kesho utakwenda zahanati kuchanjwa. Sitakusindikiza. Mzigo wa kubeba mtu mzima aliyezimia siuwezi tena.

Mama yenu


Karakana,
Jumatatu, tarehe 8 Aprili

Mdogo wangu, muuguzi wetu,

Marahaba, na hongera tena. "Kesho" ya mama ilichelewa kidogo kufika, lakini imefika.

Hapa mambo yamebadilika. Kipara amefunga vidole bendeji nyeupe kubwa kuliko inavyostahili, na kila mteja akiingia anamweleza. Anaigiza sauti zote, yangu na yako, na ya ndoo. Nilidhani kazi zitapungua, nani atake geti kutoka kwa fundi aliyelilia pamba? Lakini watu wanakuja kuniona, na wakishaniona wanaona haya kuondoka bila kuagiza kitu.

Leo asubuhi jamaa walisema watanisindikiza zahanati. Mpaka rangi alishapiga pasi shati. Nikawaambia nakwenda kununua diski za kukatia chuma, nikatorokea nyuma. Mara ile mlikuwepo wewe na wao, na mtu mbele ya watu wake hupata pa kuegemea. Nilitaka kujua kama naweza bila mtu wa kuniona.

Foleni ilikuwa ndefu. Nilipoitwa ndani, nikamkuta muuguzi msichana wa rika lako, sare yake bado ina mikunjo ya dukani. Peke yake. Akanitazama ukubwa wangu, akatazama sindano, nikauona mkono wake. Kitinda, ulikuwa unacheza. Kama kifuniko kile ulichoniandikia.

Miguu yangu ikaniambia pale pale, dirisha liko wazi, na si juu sana.

Nikakaa. Nikapandisha mkono wa shati. Nikamwambia, "Binti, sikiliza. Mimi nitapiga kelele. Nitapiga hata kabla hujanigusa, ndivyo nilivyo. Wewe usinijali. Mkono huu hautaondoka hapa."

Akasema, "Kweli, baba?"

Nikasema, "Kweli," na papo hapo nikaanza, kwa sababu alikuwa ameshachukua pamba.

Naambiwa nusu ya foleni iliondoka. Lakini yeye alichoma vizuri, mara moja, begani, kama mtu aliyezaliwa na kazi hiyo. Alipochomoa akatabasamu, tabasamu la mtu aliyetua mzigo kichwani. Nilikuwa sisikii maumivu tena wakati huo, ila nilimwona amefurahi mno kwa kazi yake, sikutaka kunyamaza ghafla. Nikaendelea kulia kidogo, kwa heshima.

Kaka yako,
Nondo